Celaeno pale Kilimia: inakuwaje nyota iwe na joto kuliko Jua halafu ionekane hafifu hivi?

jabari_mdogo

Wakuu habari zenu, naombeni msaada wenu maana hii kitu inanisumbua kweli.

Nimekuwa nikiangalia Kilimia, kile kishada cha nyota, kwa bainokyula, zile nyota kubwa za pale nishazijua, Alcyone, Atlas, Electra, Maia, Merope, sasa kuna kamoja kamekaa katikati ya Electra na Taygeta, kwa macho matupu mimi sikaoni kabisa, ila ukiweka bainokyula kanatokea, kadogo keupe kenye kabluu kwa mbali. Ndo Celaeno hako. Programu ya simu inasema magnitudo 5.45 (kipimo cha mng'ao, namba ikizidi nyota ni hafifu zaidi), daraja B7 (kundi la nyota za moto), joto la uso karibu Kelvini 12,800.

Sasa hapo kwenye joto ndo nimekwama. Jua letu ni Kelvini 5,772, yaani hii nyota ina joto zaidi ya mara mbili ya Jua, lakini inaonekana kama imechoka. Alafu nikasoma pia kuhusu vibete vyeupe, kwamba navyo ni hafifu na navyo ni vya bluu-nyeupe, joto kubwa vilevile, ila ukubwa wake ni kama Dunia tu. Kwa hiyo mtu unaona nukta hafifu ya bluu-nyeupe, utajuaje hili ni dubwana liko mbali au ni kakitu kadogo kako karibu? Na huo ukubwa wenyewe wanaupimaje wakati hata kwenye darubini kubwa nyota inabaki nukta tu?

Mwenye kuelewa anisaidie taratibu, sina haraka.

---

Kimondo_7

Mkuu hiyo ni umbali tu, Kilimia ipo mbali sana. Nyota ya bluu-nyeupe siku zote ni kubwa, zile ndogo ni nyekundu. Magnitudo inakuambia vile unavyoiona wewe ukiwa hapa, haikuambii kule kwenyewe inawaka kiasi gani.

---

Mwl_Anga

Kimondo umeanza vizuri, ila hiyo "siku zote ni kubwa" haiendi hivyo, na swali la jabari lipo palepale, kuna za bluu-nyeupe ambazo ni ndogo kupindukia. Ngoja twende polepole maana hili swali ni zuri sana, ndani yake kuna karibu kila kitu tunachokijua kuhusu nyota.

Jabari, anza na rangi. Rangi ya nyota inakupa joto la uso wake, basi. Chuma kikiwa motoni kwa mhunzi kinaanza chekundu, kinakuja njano, kikizidi kinakuwa cheupe, na ukikiangalia kile cheupe huwezi kusema kama ni msumari au ni nondo nzima, unachojua ni kwamba kimepata moto sana. Nyota ni vilevile. Bluu-nyeupe maana yake uso una joto, ukubwa hapo bado hujaambiwa.

Kwenye joto la 12,800 sehemu kubwa ya mwanga wa nyota inaangukia kwenye urujuanimno, kilele chake kipo kama kwenye nanomita 226, wakati jicho la binadamu linaanza kuona karibu na 380 au 400 hivi. Kwa hiyo Celaeno inamwaga nguvu nyingi mahali ambapo macho yako hayafiki kabisa, unachokiona ni mkia tu, na mkia wenyewe umeelemea upande wa bluu ndo maana inaonekana hivyo. Weka hilo akilini tutalirudia.

Sasa umbali. Kilimia ipo karibu miaka ya nuru 440. Tufanye hesabu moja rahisi: chukua Jua letu, lihamishe likae pale pembeni ya Celaeno. Litaonekana vipi? Litakuwa magnitudo 10.5 hivi. Kwa macho matupu hulioni hata mahali penye giza totoro, na kwa bainokyula ndogo utahangaika. Celaeno palepale ni 5.45. Tofauti ni magnitudo 5, na kwa vile kipimo hiki kilivyopangwa magnitudo 5 ni mara 100 kamili. Yaani hiyo unayoiita imechoka inalishinda Jua mara 100, kwa mwanga unaoonekana peke yake. Ukiongeza ule wa urujuanimno ambao hatuuoni inakuja mara mia mbili na zaidi, tuseme 250 kwa ajili ya hesabu.

Ukubwa sasa. Hapa ndo napapenda kuliko pote. Kila mita ya mraba ya uso wa nyota inatoa nishati kwa kufuata joto lake, na inaenda kwa joto zidisha lenyewe mara nne. Celaeno kwa Jua ni 12,800 gawanya kwa 5,772, unapata 2.2 na kitu, ukiizidisha kwa yenyewe mara nne unapata kama 24. Maana yake kipande cha uso wa Celaeno kinang'aa mara 24 kuliko kipande kilekile cha Jua. Lakini nyota nzima inang'aa mara 250. Basi lazima iwe na vipande vingi zaidi, 250 gawa 24 ni kama mara 10 ya eneo la uso, na eneo likiwa mara 10 upana unakuwa kipeuo cha pili chake, mara 3 na kidogo. Kwa hiyo Celaeno ina upana wa Majua matatu na kitu yaliyopangwa mstari. Hakuna aliyeiona ikiwa duara, ukubwa umetoka kwenye rangi, magnitudo na umbali. Vitu vitatu tu, na viwili kati yake unaweza kuvikadiria mwenyewe ukiwa na kamera ya kawaida.

---

jabari_mdogo

Mwalimu asante sana, nimeisoma mara mbili na nimefanya hesabu kwenye karatasi, imetoka. Hiyo ya kulihamisha Jua kwenda Kilimia imenigusa, yaani mtu akiwa kule akiangalia huku Jua letu lote hili halioni.

Ila sasa kila kitu kimening'inia kwenye umbali. Umbali ukiwa sio, mwanga sio, na ukubwa nao sio. Huo umbali wana uhakika nao kiasi gani?

---

BiNuru

Kaka jabari umegusa penyewe hasa, maana Kilimia ndo mahali ambapo ugomvi wa umbali ulikuwa mkubwa kweli na haujaisha zamani.

Umbali wa nyota unapimwa kwa paralaksi. Dunia inazunguka Jua, kwa hiyo baada ya miezi 6 tunakuwa upande wa pili, na nyota iliyo karibu inaonekana imesogea kidogo ukiilinganisha na zile za mbali kabisa. Kwa Kilimia nusu ya huko kusogea, ndo paralaksi yenyewe, ni kama sehemu 7.4 kati ya elfu za sekunde ya tao. Sekunde moja ya tao yenyewe ni digrii moja ukiigawa mara 3,600, halafu hiyo sekunde uigawe mara elfu, uchukue vipande 7. Hapo ndo ujue watu wanapima nini.

Satelaiti ya Ulaya ya Hipparcos ilifanya kazi hiyo juu ya anga, na matokeo yake yalipotoka 1997 yakaiweka Kilimia kwenye miaka ya nuru 390 hivi. Watu walishtuka, maana njia nyingine zote zilikuwa zinasema 430 na zaidi. Tofauti ya 390 na 440 ukiisikia unaweza kuona ndogo, lakini mwanga unaenda kwa umbali mara umbali, kwa hiyo nyota zote za Kilimia zinabadilika mng'ao wake kwa karibu asilimia 30 kwa mpigo. Kama Hipparcos ingekuwa sahihi basi nyota za Kilimia zingekuwa hafifu kuliko nyota za aina hiyohiyo mahali pengine, na ingebidi vitabu vya ndani ya nyota viandikwe upya. Wengine walianza hata kutafuta sababu, labda kemikali zake ni tofauti, labda umri.

Mwaka 2005 darubini ya angani ya Hubble ilipima nyota chache za pale ikatoa umbali mrefu. 2014 wakatumia darubini za redio zilizotawanyika mbalimbali duniani na kuunganishwa zikafanya kazi kama moja, wakapata miaka ya nuru 444. Alafu Gaia, satelaiti nyingine ya Ulaya iliyorushwa Desemba 2013, ikapima nyota nyingi za Kilimia kwa mara moja na jibu likawa hukohuko karibu na 440. Hapo mjadala ukazimika. Celaeno ikabaki na mng'ao wake, na nadharia ya nyota ikabaki imesimama.

Mimi hii habari huwa naipenda kwa sababu kosa lenyewe lilikuwa kama elfu moja ya sekunde ya tao, na hiyo elfu moja ilitosha kutikisa kila kitu.

---

Kimondo_7

BiNuru shukrani, hiyo ya Hipparcos sikuwa naijua kabisa. Sasa nauliza na mimi. Mwalimu kasema kuna za bluu-nyeupe ambazo ni ndogo kupindukia. Tuseme sina umbali, nina nukta tu na rangi yake. Naweza kuitofautisha na kibete cheupe bila kupima paralaksi?

---

Mwl_Anga

Unaweza, tena kwa njia mbili.

Ya kwanza haihitaji kifaa. Kama unaiona kwa macho matupu, sio kibete cheupe. Hakuna hata kimoja kinachoonekana bila darubini. Kinachong'aa kuliko vyote ni Sirius B, magnitudo 8.4, na hicho kipo miaka ya nuru 8.6 tu, jirani kabisa, na bado kuna shida maana kimegandamana na Sirius A inayong'aa mara elfu 10 zaidi yake. Kinachofuata kwa urahisi wa kuonekana ni 40 Eridani B, magnitudo 9.5, umbali miaka ya nuru 16. Hicho ndo nakishauri kwa mtu mwenye darubini ndogo, kimekaa mbali kidogo na nyota yake kuu, unakiona vizuri bila kusumbuliwa na mwanga.

Ya pili ni spektra, yaani mwanga uliotawanywa ukawa kama upinde wa mvua, na ndani yake kuna mistari myeusi. Nyota ya daraja B kama Celaeno ina mistari ya haidrojeni na kando yake mistari dhaifu ya heliamu. Hiyo heliamu ni kipimo cha joto chenyewe, ukishuka mpaka daraja A haipo tena, uso hauna joto la kuiamsha. Sasa kwenye kibete cheupe mistari ya haidrojeni inakuwa mipana mno, imevimba na kingo zake zimetandaa, kwa sababu gesi ya juu ya uso imebanwa na mvutano mkubwa, atomi zinasukumana na kubughudhiana kila wakati. Kwenye Sirius B mvutano wa uso ni kama mara 380,000 ya huu wa Dunia. Ukiona spektra mbili zimewekwa pamoja, ya nyota ya kawaida na ya kibete, tofauti unaiona hata kama hujasoma fizikia.

Kuna kisa cha 1910 hapa. Mwanafalaki Henry Norris Russell alikuwa anaulizia aina za spektra za nyota hafifu, akamtajia Edward Pickering wa Harvard hiyo 40 Eridani B. Wakamuuliza Williamina Fleming aliyekuwa anasimamia zile sahani za picha, jibu likarudi: daraja A. Yaani nyeupe, ya moto. Na umbali wake ulikuwa unajulikana, kwa hiyo ilikuwa inajulikana pia kwamba ni hafifu sana kwa hali yake. Fanya ile hesabu yetu ya juu: moto mwingi kwa kila mita ya mraba, lakini mwanga wote kwa jumla ni kidogo mno, basi mita za mraba zenyewe ni chache, nyota ni ndogo ajabu. Hapo ndo vibete vyeupe vilipoanza kujitokeza kwenye sayansi, kwa hesabu hiihii aliyoifanya jabari kwenye karatasi.

Sirius B nayo ukiifanyia: joto karibu 25,200, ni mara 4.4 ya Jua, ukipandisha mara nne unapata kama 360. Mwanga wake wote ni kama asilimia 2 na nusu ya Jua. Gawa, toa kipeuo, unapata 0.008 ya Jua. Hiyo ni kama kilomita 5,800 kutoka katikati mpaka juu, Dunia yetu ni 6,371. Alafu masi yake, iliyopimwa kwa jinsi inavyozungukana na Sirius A kwa miaka 50, ni sawa na Jua zima. Jua zima limeingia kwenye kitu kidogo kuliko Dunia. Sentimita moja ya ujazo ya mada hiyo ina uzito wa tani mbili na zaidi.

Celaeno kwa upande wake, ukichukua masi yake kama mara 3 na nusu hadi 4 ya Jua ukaitawanya kwenye ule ukubwa wake, wastani unatoka mwepesi kuliko maji, tena kwa mbali. Rangi ni ileile kwenye bainokyula, mada ni tofauti kabisa.

---

msafiri_wa_usiku

Naongezea kidogo kwenye hilo la ukubwa, kuna njia ya kuhisi udogo wa ile nukta kwa macho yako mwenyewe. Kilimia ipo karibu na njia anayopita Mwezi, na kwenye mzunguko wa miaka 18.6 kuna miaka kadhaa ambayo Mwezi unazifunika nyota zake moja baada ya nyingine. Ukiwahi upande ule wenye giza wa Mwezi, kabla haujajaa, kaa na darubini uikazie macho nyota moja. Inawaka, inawaka, haitetereki, haipungui hata kidogo, Mwezi wenyewe huuoni umefika wapi, alafu haipo. Hakuna kufifia. Mshtarii ikifunikwa na Mwezi inachukua zaidi ya dakika moja kupotea yote, ila diski ya nyota kama Celaeno inafunikwa yote ndani ya muda usiofika sehemu moja ya elfu ya sekunde, maana kwa umbali huo upana wake wote ni sehemu mbili hivi kati ya elfu 10 za sekunde ya tao.

Na watu wenye vifaa vya haraka wanapima hapohapo. Kama nyota ni mbili zilizogandamana mwanga unakatika kwa hatua mbili, Atlas ya palepale Kilimia iligundulika ni mbili kwa namna hiyo.

---

BiNuru

Msafiri hiyo ni raha sana kuiona, kweli inakata pumzi.

Naomba niseme kitu kuhusu kuzunguka kwake pia maana bado hakijatajwa. Hizi nyota za daraja B za Kilimia zinajizungusha kwa kasi kubwa. Celaeno kwenye ikweta yake inaenda zaidi ya kilomita 150 kwa sekunde, Jua linaenda kama 2. Yaani pamoja na upana wake wote inamaliza mzunguko chini ya siku mbili, Jua linachukua siku 25 hivi. Inajulikana kwa mistari ileile ya spektra, upande mmoja wa nyota unakuja kwetu na mwingine unatukimbia, mistari inatandikwa. Kwa hiyo Kimondo ukiona mistari mipana usikimbilie kusema kibete, mistari inaweza kutandikwa na mzunguko, ila inatandikwa yote kwa pamoja, ya haidrojeni na ya heliamu, wakati mbano wa kibete umbo lake ni jingine, haidrojeni inaota mbawa ndefu. Pleione ndo imezidi pale Kilimia, inajizungusha kwa kasi mpaka imerusha gesi nje ikatengeneza sahani kuizunguka.

---

jabari_mdogo

Jamani nashukuru sana wote, mada imekuwa nzuri kuliko nilivyotegemea. Swali langu la mwisho, au la karibu na mwisho. Je pale pale Kilimia kuna kibete cheupe? Naona ndo ingekuwa mfano mzuri, umbali uleule, rangi ileile, moja kubwa moja ndogo.

---

Mwl_Anga

Kipo. Na nilikuwa nangoja mtu aulize.

Kinaitwa LB 1497. Magnitudo karibu 16.5, joto karibu Kelvini 32,000, masi karibu sawa na Jua. Kwa vile umbali ni mmoja huna haja ya kuhangaika na paralaksi tena, linganisha moja kwa moja: Celaeno 5.45, hicho 16.5, tofauti magnitudo 11, maana yake Celaeno inakizidi mwanga unaoonekana zaidi ya mara 25,000. Na joto la kile kibete ni kubwa zaidi! Kila mita ya mraba yake inatoa nishati karibu mara 40 kuliko ya Celaeno. Kinachokiangusha ni eneo tu, uso wake ni mdogo zaidi ya mara laki moja. Sidhani kama kuna mahali pengine pa kulielewa swali lako kwa usafi namna hii.

Lakini sasa kuna jambo. Kilimia ni changa, umri wake unakadiriwa kati ya miaka milioni 100 na 125. Jua lina bilioni 4.6 na bado lipo katikati ya maisha yake. Kibete cheupe ni nyota iliyokwisha kufa, moto wa nyuklia umezimika, imebaki kiini cha kaboni na oksijeni kinachopoa taratibu, hakina kinachochoma. Imekuwaje maiti ipatikane kwenye kundi la watoto?

---

Kimondo_7

Kwa sababu nyota kubwa zinakufa haraka?

---

Mwl_Anga

Hapo hapo. Nyota yenye masi kama 6 za Jua ina mafuta mara 6, lakini inayachoma kwa fujo, mng'ao wake unafika maelfu, kwa hiyo inamaliza ndani ya miaka milioni 80 hivi. LB 1497 inaonekana ilianza na masi kama hiyo. Nyota ya masi 6 ni ya daraja B, bluu-nyeupe, ndugu mkubwa wa hizi unazoziona leo. Kilimia ilipokuwa changa zaidi, pale palikuwa na nyota iliyoizidi mng'ao hata Celaeno kwa mbali, ikavimba ikawa jitu jekundu, ikapeperusha gesi zake karibu zote angani, kikabaki kiini.

Sirius B ni hivyohivyo, inakadiriwa ilianza na masi 5 na kitu za Jua. Kwa hiyo jabari ulipouliza utajuaje kama hii nukta ni dubwana la mbali au kakitu ka karibu, jibu langu kamili ni kwamba mara nyingi hizo ni nyota moja katika umri mbili. Ya kwanza inang'aa kwa sababu ya kuunguza haidrojeni ndani yake, ya pili inang'aa kwa joto lililobaki. Cha kuizuia isiporomoke zaidi sio moto tena, ni elektroni zake zilizobanwa mpaka haziwezi kukaribiana zaidi, na hizo hazijali kama nyota imepoa au haijapoa.

---

jabari_mdogo

Aisee. Hiyo ya umri mbili sikuitegemea kabisa. Basi Celaeno nayo inaelekea huko?

---

BiNuru

Inaelekea huko huko kaka. Kwa masi yake maisha yote yanakuja kama miaka milioni 200, kwa hiyo imeshakula zaidi ya nusu, na wataalamu wengine wanaiweka kwenye daraja la nyota zilizoanza kuvimba, ile IV unayoiona baada ya B7 kwenye baadhi ya orodha ndo maana yake hiyo. Itakuja kuwa jitu jekundu, na kwa muda mfupi itaonekana kwa macho bila shida yoyote, alafu itaachia gesi zake na kubaki kibete chenye masi kama 0.8 ya Jua.

Na hapo kuna kitu cha kufurahisha, hicho kibete chake kitakuwa na masi ndogo kuliko LB 1497 lakini upana mkubwa kuliko LB 1497. Vibete vyeupe vinaenda kinyume, kadiri unavyoongeza masi ndivyo kinavyojibana na kuwa kidogo, mpaka ukifika masi 1.4 za Jua elektroni zinashindwa kabisa kubeba. Hicho kikomo alikikokotoa Subrahmanyan Chandrasekhar, alianza hesabu zake 1930 akiwa kwenye meli kutoka India kwenda Uingereza, akiwa na miaka 19, na Nobeli akaja kuipata 1983. LB 1497 ipo kama 1.0 hivi, imebakiza nafasi. Celaeno haitakikaribia.

---

msafiri_wa_usiku

Jabari ukipata darubini ya inchi 8 hivi, anza na 40 Eridani kabla ya kufikiria Sirius B. Utafute kwanza ile nyota kuu ya magnitudo 4.4, ina rangi ya machungwa kidogo, alafu ongeza ukuzaji, B itatokea pembeni nyeupe safi, na kando ya B kuna C nyekundu hafifu ya magnitudo 11. LB 1497 kwa kuangalia na macho usiiwazie, 16.5 inataka kamera na mfiduo mrefu, ila chati za Kilimia zenye nyota hafifu zinaionyesha, unaweza kuipiga picha ukaja utuonyeshe hapa.